KKS: Hesabu ya darasani inayookoa pesa za vigae

WENGI waliopitia shule ya msingi wanakumbuka walivyohangaishwa na Kigawo Kikubwa cha Shirika, yaani KKS. Hii ni nambari kubwa zaidi inayozigawa nambari mbili au zaidi bila kubakisha kitu. Ni wachache walioelezwa kwamba hesabu hiyo ina kazi siku ya kununua vigae vya sakafu.

Chukua chumba chenye urefu wa mita 4.2 na upana wa mita 3.6. Geuza vipimo viwe sentimita: 420 na 360. Toa 360 kutoka kwa 420, zabaki 60. Nayo 60 huigawa 360 mara 6 kamili, hivyo KKS ni 60. Njia hii ya kufuata baki imo katika maandishi ya Euclid, mwanahisabati Mgiriki aliyeishi yapata mwaka wa 300 kabla ya Kristo, nayo ni nyepesi kuliko kuorodhesha vigawo vyote.

Basi kigae cha mraba cha sentimita 60 kitakienea chumba hicho bila kukatwa: 7 kwa 6, jumla 42. Cha sentimita 30 pia kitaenea kwa sababu 30 huigawa 60, ila utahitaji 168. Cha 40 hakifai, kwani kila safu ya urefu itadai vigae 10 na nusu.

Si kila chumba kina bahati hiyo. Chenye sentimita 455 kwa 390 kina KKS ya 65, ambayo vigawo vyake ni 1, 5, 13 na 65 pekee. Vigae vya 30, 40 na 60 vilivyozoeleka madukani havimo, kwa hivyo kukata hakuepukiki. Ukichagua vya 30, utapata safu 15 za vigae 13, kisha utabaki na ukanda wa sentimita 5. Fundi mwenye haraka atakuagiza ununue 208, kana kwamba kila kipande cha ukanda ni kigae kizima. Lakini kigae kimoja hutoa vipande 5 hata baada ya msumeno kula sehemu yake. Vigae 3 vyatosha ukanda wote, na jumla ni 198. Ongeza vichache vya akiba, maana vingine huvunjika.

Pima baada ya kuta kupigwa lipu, na ukumbuke mwanya wa milimita 2 au 3 kati ya vigae.

Ua nao hufuata kanuni iyo hiyo. Ploti ya futi 50 kwa 100 ina KKS ya 50. Nguzo zikiachana futi 10, kila kona itapata nguzo yake. Zikiachana futi 8, kona zitakosa. Mzunguko ni futi 300, hivyo nguzo ni 30. Wengi huongeza moja, wakisahau kwamba nguzo ya mwisho ndiyo ile ya kwanza.