Marere: zambarau iliyoota kwenye miti ya Pwani

Kama ulisoma kemia sekondari, bila shaka umewahi kushika karatasi ya litmasi. Unachovya ya bluu kwenye maji ya ndimu, inageuka nyekundu. Lakini umewahi kujiuliza ile rangi ilitoka wapi? Kwa karne nyingi ilitengenezwa kwa likeni, na likeni za jamii hiyohiyo zinaota hapa kwetu Pwani.

Tuanzie Mafia. Ukivuka kwa boti hadi kisiwa cha Juani utakuta magofu ya Kua, mji ulioshambuliwa na Wasakalava kutoka Madagaska mwanzoni mwa karne ya 19. Angalia kuta zake za mawe ya matumbawe: zina mabaka ya kijivu na meupe. Wengi tunadhani ni uchafu tu. Kumbe mengi ya mabaka hayo ni likeni, viumbe hai kabisa.

Likeni ni kuvu na mwani wanaoishi pamoja. Mwani hutengeneza chakula kwa mwanga wa jua, kuvu hujenga nyumba na kutunza maji. Mswisi Simon Schwendener alipolieleza hilo miaka ya 1860, wataalamu wengi wa likeni walimpinga vikali. Zile za ukutani tunaweza kuziita likeni za ukoko, maana zimegandamana na jiwe kama ukoko wa wali kwenye sufuria.

Sasa, wana ukoo wengine hawagandi. Wananing'inia kwenye matawi ya miti karibu na bahari kama ndevu za kijivu. Hao ndio marere, ambao wanasayansi wanawaita Roccella montagnei. Katika karne ya 19, marere ilikuwa bidhaa. Hakuna aliyeipanda: watu waliichuma mitini, ikakaushwa, ikafika Unguja, ikapakiwa melini pamoja na pembe za ndovu, karafuu na sandarusi. Mafia yenyewe wakati huo ilikuwa chini ya Sultani wa Zanzibar, hadi Wajerumani walipoichukua mwaka 1890.

Ulaya walitaka nini na ndevu za miti? Zambarau. Ukiiangalia marere huioni rangi hiyo. Lakini ukiiloweka kwenye amonia (zamani walitumia mkojo uliochacha) na kuikoroga ipate hewa kwa wiki kadhaa, kemikali zake hubadilika na kuwa osini, rangi ya zambarau iliyokolea. Huko Florence, Italia, ukoo wa Rucellai ulitajirika kwa rangi hii tangu zama za kati, na jina lao linahusishwa nayo.

Mwaka 1856, kijana wa miaka 18 jijini London, William Henry Perkin, alikuwa anajaribu kutengeneza kwinini, dawa ya malaria, kutokana na lami ya makaa ya mawe. Alishindwa. Badala yake akapata zambarau. Rangi za viwandani zikafuata moja baada ya nyingine, na taratibu soko la marere likafa.

Hapa ndipo pananiumiza. Pwani iliuza marere ghafi, kazi ya kuigeuza rangi ikafanyika ng'ambo. Soko lilipokufa, wenye maarifa walihamia rangi nyingine. Mchumaji alibaki na gunia. Leo hata neno lenyewe limebaki zaidi kwenye kamusi za zamani, ingawa osini bado inatumika maabara kutia rangi kromosomu ili zionekane kwa hadubini.

Kwa hiyo ukifika Kua, usikwangue ukuta ili uandike jina lako. Baadhi ya likeni za ukoko hukua chini ya milimita 1 kwa mwaka, na baka dogo linaweza kuwa na umri kuliko bibi yako. Na ukiwa huko, waulize wazee: marere mnaijua? Jibu lao liandike.