Algeria na Moroko: Ndugu Waliofungiana Mlango



Hebu chukua ramani ya Afrika uangalie kule juu kabisa, upande wa magharibi. Utaona nchi mbili kubwa za Kiarabu zimelala ubavu kwa ubavu: Moroko na Algeria. Kutoka Oujda, mji wa Moroko, hadi mpakani ni kama kilomita 15, yaani mwendo wa kutoka mjini Mombasa hadi Mtwapa. Ukivuka, mbele kidogo utakuta Maghnia, halafu Tlemcen. Watu wa pande hizi mbili wanaongea Kiarabu kinachofanana, wanafuata madhehebu ya Imam Malik, wanasoma Qur'an kwa riwaya ya Warsh, na magharibi ikiadhiniwa katika Ramadhani wanafuturu kwa tende na supu ile ile wanayoiita harira. Wameoana tangu enzi za mababu.

Lakini mtu wa Oujda akitaka kumuona shangazi yake Tlemcen, safari isiyofika kilomita 100, hawezi kupanda gari akaenda. Inabidi apande ndege, apitie Tunis au Ulaya, ndipo aingie Algeria. Mpaka wa nchi kavu umefungwa tangu 1994, na tangu 2021 hata ndege za moja kwa moja hakuna.

Sasa imekuwaje? Wengi wetu hutoa jibu jepesi: "Ah, Waarabu hawaelewani." Jibu hilo si la haki. Ukiifuata historia utaona kwamba hawa wamegombana na kupatana mara kadhaa, na kila jambo lilikuwa na sababu yake.

Kabla ya mpaka

Tusidanganyane kwamba zamani kulikuwa na amani tupu. Wafalme wa Fes na wafalme wa Tlemcen walipigana sana. Kuanzia 1299 hadi 1307 jeshi la Wamarini wa Fes liliuzingira mji wa Tlemcen, wakajenga mji mwingine kabisa nje ya kuta zake, wakauita al-Mansura. Hata hivyo, ugomvi wa watawala haukuwazuia watu. Mwanachuoni Ibn Khaldun, mzaliwa wa Tunis, alitumikia Fes na Tlemcen pia, na Muqaddima yake maarufu aliianza katika ngome moja iliyoko Algeria ya leo. Sheikh Ahmad al-Tijani, ambaye tariqa yake ina wafuasi wengi Afrika, alizaliwa Ain Madhi, Algeria, na kaburi lake liko Fes, Moroko. Hakuna aliyemuuliza viza.

Mstari wenyewe ulikuja na Wafaransa. Waliingia Algiers mwaka 1830. Amir Abdelkader akasimama kupigana nao, na alipobanwa akakimbilia Moroko. Sultani wa Moroko alimsaidia, na gharama yake ikawa kubwa: tarehe 14 Agosti 1844 jeshi lake lilishindwa na Wafaransa katika vita vya Isly, karibu na Oujda. Mwaka uliofuata, Machi 1845, ukatiwa saini mkataba wa Lalla Maghnia. Mkataba huo ulichora mpaka kutoka baharini kuelekea kusini kwa masafa ya kama kilomita 165 tu. Jangwa lote lililobaki likaachwa bila mstari, manake walisema ardhi isiyo na maji haina haja ya mpaka.

Shika jambo hilo, msomaji. Jangwa lile lililodharauliwa ndilo baadaye lililowagombanisha ndugu.

Siku za kusaidiana

Moroko ilipata uhuru mwaka 1956. Algeria ilikuwa bado vitani, vita vilivyoanza tarehe 1 Novemba 1954. Moroko haikuwatupa jirani zao. Wapiganaji wa Algeria walipata hifadhi Oujda, wakajenga jeshi lao pale. Houari Boumediene, aliyekuja kuwa rais, aliongoza jeshi kutoka huko. Abdelaziz Bouteflika, aliyekuja kuwa rais pia, alizaliwa Oujda mwaka 1937. Oktoba 1956 Ahmed Ben Bella na wenzake wanne walikuwa wageni wa Mfalme Mohammed wa Tano. Walipokuwa wakisafiri kwa ndege ya Moroko kwenda Tunis, Wafaransa waliilazimisha ndege kutua Algiers na kuwakamata. Kitendo kile Moroko ilikihesabu kama tusi kwake yenyewe.

Kuna jambo jingine la kheri. Wafaransa walikuwa wameongeza ardhi kubwa ya jangwa upande wa Algeria. Mfalme Mohammed wa Tano hakutaka kuzungumza nao kuhusu mpaka wakati Waalgeria wanamwaga damu. Alingoja azungumze na Algeria huru. Julai 1961 serikali ya muda ya Algeria, chini ya Ferhat Abbas, ikakubali kwamba suala la mpaka litazungumzwa baada ya uhuru.

Vita vya mchanga

Uhuru wa Algeria ulikuja Julai 1962. Mohammed wa Tano alikuwa ameshafariki mwaka 1961 na mwanawe, Hassan wa Pili, yuko kwenye kiti. Moroko ikasema: tulingoja kwa uzuri, sasa tuzungumze. Ben Bella akasema: ardhi hii tumeikomboa kwa damu, hatutoi hata shubiri. Ukiwasikiliza wote wawili, kila mmoja ana hoja.

Oktoba 1963 wakapigana, kwenye visima vya Hassi Beida na Tinjoub na karibu na Figuig. Umoja wa Nchi Huru za Afrika ulikuwa umeanzishwa Mei mwaka ule ule, haujamaliza hata miezi sita. Mfalme Haile Selassie wa Ethiopia na Rais Modibo Keita wa Mali wakawaita Bamako, na tarehe 30 Oktoba wakakubaliana kusimamisha vita. Vilikuwa vita vifupi, lakini viliacha kidonda. Waalgeria wakasema: tumetoka vitani juzi tu, na ndugu anatupiga. Wamoroko wakasema: tuliwahifadhi, na leo wanatunyima haki yetu.

Pamoja na hayo walipatana. Januari 1969 wakaandikiana mkataba wa urafiki mjini Ifrane, Mei 1970 wakakutana Tlemcen, na tarehe 15 Juni 1972 Hassan wa Pili na Boumediene wakatia saini mkataba wa mpaka mjini Rabat. Katika vita vya Oktoba 1973 nchi zote mbili zikapeleka majeshi mashariki kuwasaidia Waarabu wenzao. Ungedhani basi, yamekwisha.

Sahara

Hayakwisha. Kusini mwa Moroko kulikuwa na ardhi iliyotawaliwa na Uhispania, yaani Sahara Magharibi. Mwaka 1975 Wahispania walipokuwa wanajiandaa kuondoka, Moroko ikasema ardhi hii ni yetu tangu zamani. Tarehe 6 Novemba watu 350,000 walioitwa na mfalme wakaanza kuingia jangwani kwa miguu. Wenyeji wa chama cha Polisario, kilichoundwa 1973, wakasema wanataka nchi yao wenyewe. Algeria ikasimama na Polisario, ikisema kila watu wana haki ya kujiamulia.

Na hapa ndipo wanyonge walipolipia. Disemba 1975, mwezi ule ule wa Idd-ul-Adh-ha, serikali ya Algeria iliwafukuza makumi ya maelfu ya Wamoroko waliokuwa wakiishi kule, wengi tangu enzi za Wafaransa. Walipelekwa mpakani na kuacha nyumba na mali. Wapo waliokuwa wameoa au kuolewa na Waalgeria, na familia zikakatika katikati. Upande wa pili, Wasahrawi wengi walikimbia vita wakaingia Algeria, wakapiga mahema karibu na Tindouf. Watoto waliozaliwa katika mahema yale leo wana wajukuu, na bado wako pale. Wote hao, wa mpakani na wa mahemani, ni Waislamu waliofunga Ramadhani ile ile.

Machi 1976 Algeria iliitambua serikali iliyotangazwa na Polisario, na siku iliyofuata Moroko ikavunja uhusiano wa kibalozi. Kwa miaka 12 hakukuwa na balozi upande wowote.

Jambo hili lilifika hata kwetu Kenya. Juni 1981, katika mkutano wa wakuu wa nchi za Afrika uliofanyika Nairobi, Mfalme Hassan alikuja mwenyewe akakubali kufanyike kura ya maoni Sahara. Umoja wa Mataifa ulipata usitishaji vita mwaka 1991. Kura yenyewe haijafanyika mpaka leo.

Msuluhishi anapoingia

Aliyewapatanisha baada ya hapo ni Mfalme Fahd wa Saudi Arabia. Mei 1987 aliwakutanisha Hassan wa Pili na Rais Chadli Bendjedid mpakani penyewe. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 16 Mei 1988, uhusiano ukarudishwa na mpaka ukafunguliwa. Wiki chache tu zikapita, Hassan akaenda Algiers kwenye mkutano wa nchi za Kiarabu. Februari 1989, mjini Marrakech, viongozi watano wakaanzisha Umoja wa Maghreb ya Kiarabu: Moroko, Algeria, Tunisia, Libya na Mauritania. Wakapanga bomba la gesi kutoka Algeria, kupitia Moroko, hadi Uhispania. Lilianza kazi mwaka 1996.

Lakini kabla hata bomba halijafunguliwa, mlango ulikuwa umefungwa tena. Tarehe 24 Agosti 1994 watu wenye silaha waliwaua watalii wawili wa Kihispania katika hoteli moja Marrakech. Moroko ikailaumu idara ya ujasusi ya Algeria na kuwawekea Waalgeria viza. Algeria, iliyokuwa yenyewe inaungua kwa vita vya ndani, ikakasirika na kufunga mpaka wote. Viza ziliondolewa miaka kumi baadaye, Moroko 2004 na Algeria 2005, lakini mpaka haukufunguliwa. Wenye magendo ya mafuta wakapata riziki. Baadaye Algeria ikachimba mahandaki na Moroko ikaweka uzio. Wakuu wa Umoja wa Maghreb hawajakutana tangu 1994.

Ya karibuni zaidi unaweza kuyakumbuka mwenyewe. Disemba 2020 Marekani iliitambua Sahara kuwa ya Moroko, na Moroko ikarudisha uhusiano na Israel. Algeria iliudhika kwa yote mawili. Kukafuatana tuhuma za ujasusi na za kuunga mkono wanaotaka kujitenga. Mwisho wa Julai 2021 Mfalme Mohammed wa Sita alitoa wito mpaka ufunguliwe, lakini tarehe 24 Agosti Algeria ikavunja uhusiano. Ukihesabu, ni miaka 27 kamili tangu siku ya Marrakech. Septemba ikafunga anga yake kwa ndege za Moroko, na mwisho wa Oktoba gesi ikakatwa. Cha kushangaza, tangu 2022 Moroko inapata gesi kwa bomba lile lile, lakini sasa inatoka Uhispania, ikirudi kinyume.

Tetemeko la ardhi lilipoua watu karibu 3,000 Moroko, Septemba 2023, Algeria ilifungua anga kwa ndege za misaada na kujitolea kusaidia. Msaada wake haukuchukuliwa. Mwaka mmoja baadaye Algeria ikarudisha viza kwa Wamoroko.

Sisi tujifunze nini?

La kwanza, msomaji, tazama ni nani aliyelipia. Kuna mahali karibu na Saïdia ambapo nchi hizi zinatenganishwa na kijito kidogo tu. Jamaa husimama huku na huku, wakapungiana mikono na kupigiana kelele za salamu. Algeria iliposhinda Kombe la Afrika Julai 2019, vijana wa Moroko walishangilia upande wao wa mpaka. Wana msemo wao, "khawa khawa", yaani sisi ni ndugu. Kwa hiyo usimchukie mtu kwa sababu ya bendera ya serikali yake.

La pili, kila walipopatana palikuwa na mtu aliyeinuka akawaendea. 1963 walikuwa Mfalme wa Ethiopia na Rais wa Mali; 1987 alikuwa Mfalme wa Saudia. Wahenga wetu walisema ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime. Wakipatana, chukua kapu ukavune. Ni maneno ya hekima, lakini kwa ugomvi wa nusu karne, wote tukienda kulima nani atabaki kuwasuluhisha? Sura ya Hujurat imetuamuru tupatanishe baina ya ndugu wawili. Haikusema tungoje wachoke.

La tatu, ugomvi ukirithishwa hugeuka mazoea. Kijana wa Oujda aliyezaliwa 1994 amekuwa mtu mzima, pengine ana watoto, na hajawahi kuuona mpaka ule ukiwa wazi. Kwake yeye kufungwa ndiyo kawaida. Ramadhani ya 2025 Algeria ilianza kufunga Jumamosi tarehe 1 Machi na Moroko Jumapili tarehe 2, kila nchi kwa mwandamo wake. Hilo si kosa la mtu. Lakini hebu fikiria: kilomita chache tu, huku wamefunga, kule bado, na hakuna anayeweza kuvuka kwenda kufuturu kwa mwenziwe.

Sisi hatuna uwezo wa kufungua Oujda. Lakini kama kuna jamaa ambaye hujaingia kwake tangu ugomvi wa wazee wenu, juu ya shamba au urathi au maneno tu, mlango huo uko karibu nawe. Mwezi huu usiishe hujaugonga.

Ramadhan Karim.