Nakala na Asili: Sanamu za Kirumi na Mawe ya Tabaka

Mwaka 1764 Johann Joachim Winckelmann, mtaalamu wa Kijerumani aliyekuwa akiishi Roma, alitoa kitabu chake juu ya historia ya sanaa ya kale, kilichoipanga elimu ya sanamu kwa nyakati na mitindo. Miongoni mwa sanamu alizozisifu mno ilikuwa ile ya Apollo iliyo Vatican, ambayo kwake ilikuwa kilele cha usanii wa Wayunani. Leo wataalamu walio wengi huihesabu kuwa kazi ya marumaru ya enzi ya Warumi, ya karne ya 2 baada ya Kristo, iliyofuatisha sanamu ya shaba ya Kiyunani iliyokwisha kupotea.

Kosa hilo lilizaa jingine, nalo lilikuwa baya zaidi. Ilipodhihirika kuwa sanamu nyingi za Roma zilikuwa nakala, mchongaji wa Kirumi alishushwa hadhi akawa mwigaji tu. Adolf Furtwängler, mwaka 1893, alizichunguza nakala hizo kwa bidii ya ajabu, lakini shabaha yake ilikuwa kuwafikia mabingwa wa Kiyunani. Mrumi alikuwa kwake dirisha la kuchungulia. Brunilde Ridgway, katika kitabu chake cha 1984, aliitilia shaka desturi hiyo ya kutafuta asili nyuma ya kila nakala. Tangu hapo imekuwa rahisi zaidi kuuliza ni nani aliyeagiza sanamu, iwekwe wapi, na mchongaji alibadili nini.

Yafaa maswali hayo yaulizwe pia katika nchi ya Abagusii. Si mbali na Ogembo, huko Tabaka, huchimbwa jiwe laini liitwalo jiwe la sabuni: jeupe, la waridi, la manjano, hata la kijivu. Hukatwa kwa panga, huchongwa kwa kisu, kisha husuguliwa kwa maji na msasa, kazi ambayo aghalabu hufanywa na wanawake. Viboko, tembo na mabakuli hutoka huko kwa wingi, yakafika kwenye maduka ya Nairobi na ng'ambo bila jina la mtu. Kwa sababu hiyo wako wanaoyaita bidhaa za watalii na kuyaondoa katika historia ya sanaa. Ndiyo hukumu ile ile iliyowapata Warumi.

Elkana Ong'esa, mzaliwa wa huko aliyesoma Makerere na baadaye Chuo Kikuu cha McGill, Kanada, alivuka mpaka huo: sanamu yake ya ndege wa amani iko makao makuu ya UNESCO, Paris. Lakini kumtukuza yeye peke yake ni kurudia njia ya Furtwängler, ya kumtafuta bingwa na kuwapita wengine.

Hapa lugha nayo ina neno. Kuiga kuna dharau ndani yake, kufuatisha hakuna. Nakala yenyewe imetoka katika kitenzi cha Kiarabu chenye maana ya kuhamisha kitu kutoka mahali hadi mahali, na anayehamisha mzigo huchagua jinsi ya kuubeba. Mchongaji anayekata kiboko chake cha mia hufanya uchaguzi huo kila siku: wapi mshipa wa waridi upite, shingo iwe nene kiasi gani isivunjike njiani. Mwanamke anayekisugua ndiye anayeamua mwisho ni wapi mistari ya kisu ifutwe na wapi ibaki.