Makoloni Sita, Katiba Moja: Jinsi Shirikisho la Australia Lilivyoundwa

1. Utangulizi

Neno "shirikisho" si geni katika mijadala yetu. Lakini sisi wa Kongo tumezoea kulikuta likisafiri upande mmoja: nchi iliyokuwa koloni moja ilitafuta namna ya kuyagawia majimbo yake madaraka, kama ilivyojaribiwa katika Katiba ya Luluabourg ya mwaka 1964. Makala haya yanatazama safari ya upande wa pili, yaani jinsi makoloni sita yaliyojitegemea yalivyokubali kuwa taifa moja mnamo mwaka 1901. Hoja yetu ni kwamba umoja wa Australia haukuletwa na udugu wa damu wala wa lugha, ingawa wote wawili ulikuwapo miongoni mwa walowezi. Uliletwa na matini iliyojadiliwa hadharani, ikakwama, ikarekebishwa na kurudishwa kwa wapiga kura. Na kwa kuwa umoja huo ulijengwa kwa maneno, hatuna budi kuyachunguza pia yale yaliyonyamaziwa.

2. Ndugu waliotenganishwa na forodha

Makoloni hayo yalikuwa New South Wales, iliyoanzishwa mwaka 1788, pamoja na Tasmania, Western Australia, South Australia, Victoria na Queensland. Yote yalikuwa chini ya taji la Uingereza, na walowezi wake walio wengi walitumia lugha ya Kiingereza. Hata hivyo, kila koloni lilikuwa na bunge lake, stempu zake na forodha yake. Victoria ilitoza ushuru mkubwa ili kulinda viwanda vyake, ilhali New South Wales ilipendelea biashara huria. Kwa hiyo bidhaa iliyovuka mto Murray kati ya makoloni hayo mawili ilikaguliwa na kutozwa kana kwamba imetoka ng'ambo.

Reli nazo zilisimulia habari ileile. Njia za New South Wales zilikuwa na upana wa milimita 1,435, za Victoria 1,600 na za Queensland 1,067. Reli za Sydney na Melbourne zilipokutana mpakani mwaka 1883, abiria alilazimika kushuka Albury na kupanda treni nyingine. Lugha moja na malkia mmoja havikutosha kuziunganisha reli mbili.

3. Kutoka kwa wakubwa hadi kwa wapiga kura

Tarehe 24 Oktoba 1889, Henry Parkes, kiongozi wa serikali ya New South Wales, alihutubia katika mji wa Tenterfield akihimiza iundwe serikali moja ya Australia nzima. Mkutano mkuu wa Sydney wa mwaka 1891 ulitayarisha rasimu ya katiba. Lakini wajumbe wake walikuwa wameteuliwa na mabunge, na rasimu ilirudi kulala katika mabunge hayohayo. Kisha ukaja mdodoro wa uchumi, na mwaka 1893 benki nyingi zilifunga milango.

Mwaka huohuo watetezi wa shirikisho walikutana Corowa, mji mdogo kandokando ya Murray, ambako adha ya forodha ilijulikana kwa kila mfanyabiashara. Hapo mwanasheria John Quick alitoa pendekezo lililogeuza mkondo wa mambo: wajumbe wa kuandika katiba wachaguliwe na raia wenyewe, na rasimu irudishwe kwa raia waipigie kura. Viongozi wa makoloni walilikubali wazo hilo walipokutana Hobart mwaka 1895.

Mkutano mpya wa katiba ulifanyika mwaka 1897 na 1898, kwa zamu katika miji ya Adelaide, Sydney na Melbourne. Kila koloni lililoshiriki lilikuwa na wajumbe kumi. Queensland haikupeleka mjumbe, na wale wa Western Australia waliteuliwa na bunge lao. Maswali mawili yalikuwa mazito kuliko mengine. La kwanza lilihusu ukubwa: makoloni madogo yaliogopa kumezwa. Ikaamuliwa kwamba katika Seneti kila jimbo, dogo kwa kubwa, lingekuwa na maseneta sita, na baraza la pili lingechaguliwa kwa kufuata idadi ya watu. Swali la pili lilihusu fedha, maana makoloni yaliishi kwa mapato ya forodha. Ikaamuliwa kwamba ushuru ungekusanywa na serikali ya shirikisho, lakini robo tatu ya mapato hayo ingetumika kwa faida ya majimbo. Biashara kati ya majimbo ingekuwa huru kabisa.

Mwezi Juni 1898 wapiga kura wa Victoria, South Australia na Tasmania waliikubali rasimu. Katika New South Wales kura za ndiyo zilikuwa 71,595 na za hapana 66,228. Hata hivyo, rasimu ilianguka, kwa sababu bunge la koloni hilo lilikuwa limeweka sharti la kura za ndiyo zisizopungua 80,000. Viongozi walirudi mezani mapema mwaka 1899. Miongoni mwa marekebisho yao, walikubaliana kwamba mji mkuu ungekuwa ndani ya New South Wales, ila usiwe karibu na Sydney kwa chini ya maili 100. Kura ilipigwa tena, na safari hii ikapita. Queensland nayo ikajiunga kwa tofauti ndogo. Western Australia ilisitasita hadi Julai 1900, baada ya wakazi wa machimbo yake ya dhahabu kudai watengwe nayo ili wajiunge peke yao. Tarehe 1 Januari 1901 shirikisho lilitangazwa mjini Sydney, na Edmund Barton akawa Waziri Mkuu wa kwanza.

4. Yaliyosemwa na yaliyonyamaziwa

Dibaji ya sheria iliyounda shirikisho inautaja umoja huo kuwa usiovunjika. Lakini inataja wananchi wa makoloni matano tu, kwa kuwa Western Australia ilikuwa haijapiga kura. Mwaka 1933 takriban theluthi mbili ya wapiga kura wa jimbo hilo walitaka kujitenga. Bunge la Uingereza lilikataa kulipokea ombi lao.

Unyamavu mkubwa zaidi uliwahusu wenyeji wa asili. Kifungu cha 127 kiliagiza kwamba wasihesabiwe katika hesabu ya watu wa shirikisho. Lugha nayo ilifanywa lango la kuwazuia wasiotakiwa. Sheria ya uhamiaji ya mwaka 1901 iliruhusu kumpa mgeni mtihani wa imla ya maneno 50 katika lugha yoyote ya Ulaya, na mwenye kuchagua lugha alikuwa afisa. Mwaka 1934 mwandishi Egon Kisch, aliyejua lugha kadhaa za Ulaya, alipewa imla ya Kigaeli cha Uskoti. Mahakama Kuu iliamua kwamba hiyo haikuwa "lugha ya Ulaya" kwa maana ya sheria hiyo. Mtihani wa imla ulifutwa mwaka 1958.

Kifungu cha 127 kilidumu hadi mwaka 1967, pale zaidi ya asilimia 90 ya wapiga kura walipokubali kifutwe. Mwaka 2023 pendekezo la kuwapa wenyeji wa asili chombo cha kulishauri bunge lilikataliwa katika majimbo yote sita.

5. Hitimisho

Mambo mawili yanadhihirika. Kwanza, matini ya mwaka 1891 na ile ya mwaka 1898 zilifanana sana. Tofauti kubwa ilikuwa katika nani aliyeulizwa. Pili, katiba iliyopatikana kwa ridhaa ya wengi haibadilishwi kwa wepesi: hadi mwaka 2023, kati ya mapendekezo 45 ya marekebisho yaliyopigiwa kura, ni 8 tu yaliyokubaliwa. Ugumu huo uliyalinda majimbo madogo yaliyokuwapo mezani tangu mwanzo. Wale ambao hawakuwapo ulizidi kuwachelewesha. Anayeandika katiba ya shirikisho yampasa, basi, aulize mapema ni nani ambaye hajaketi mezani, kwa maana kuongeza kiti baadaye ni kazi ya vizazi.