Godzilla na Mbuta ni Rika Moja

Wasee, shikeni huu mwaka: 1954.

Mwezi wa nne mwaka huo, kampuni ya filamu ya Japani inayoitwa Toho ilitoa Seven Samurai, ya Akira Kurosawa. Mwezi wa kumi na moja, kampuni hiyo hiyo ikatoa Godzilla, ya Ishirō Honda. Nyumba moja, mwaka mmoja. Ule mtindo wa kukusanya mashujaa mmoja mmoja kabla ya vita, ambao umeuona kwenye Avengers na nusu ya anime unazopakua, ulitambaa kutoka kwa ile ya kwanza. Kila jitu linalokanyaga mji kwenye skrini linamdai babu yake, ile ya pili. Kuna hata mwigizaji mmoja, Takashi Shimura, ambaye ni kiongozi wa samurai kwa ya kwanza na profesa mzee kwa ya pili.

Sasa sikia hii. Mwaka huo huo, 1954, watu wa serikali ya mkoloni walimwachilia mbuta ndani ya hili ziwa letu.

Si stori ya kutunga. Godzilla na mbuta ni rika moja, na nikimaliza kueleza utaona ni zaidi ya kuwa rika. Ni stori moja iliyotokea mara mbili. Tofauti ni kwamba Wajapani walitengeneza muvi. Sisi tulikula samaki tukanyamaza.

Godzilla anaanza na wavuvi

Wengi wetu tunamjua Godzilla wa Hollywood, yule wa kupigana na King Kong. Yule wa kwanza ni mtu tofauti kabisa. Muvi inaanza na boti baharini. Wafanyakazi wa boti wametulia, mmoja anapiga gita, ghafla maji yanawaka na boti inazama. Inatumwa nyingine kuwatafuta, nayo inazama. Kisha tunapelekwa kwa kisiwa kidogo cha wavuvi kinachoitwa Odo. Nyavu zinatoka maji tupu. Mzee mmoja anawaambia vijana kwamba hiyo ni kazi ya Godzilla, na vijana wanamcheka. Zamani, anasema, samaki wakikosekana kijiji kilikuwa kinamtolea msichana kafara. Sasa imebaki ngoma tu.

Kama umekulia huku visiwani, huhitaji kueleweshwa hiyo sehemu. Nyavu tupu, mzee anaongea, vijana wanacheka. Hiyo ni Jumanne ya kawaida.

Lakini ile boti haikutoka kwa kichwa cha mwandishi. Tarehe 1 Machi 1954 Marekani ililipua bomu la haidrojeni kwenye kisiwa cha Bikini, Visiwa vya Marshall. Wataalamu wao walikuwa wamekadiria nguvu fulani. Bomu likatoka kubwa zaidi ya mara mbili ya hesabu. Boti ya kuvua jodari ya Wajapani, jina lake Daigo Fukuryū Maru, ilikuwa mbali na eneo, nje ya mpaka uliotangazwa. Majivu meupe yakawanyeshea. Walikuwa wavuvi 23. Wote waliugua, na mwezi wa tisa mwendeshaji wao wa redio, Aikichi Kuboyama, akafa. Japani nzima ikaogopa kula samaki. Jodari wengi wakatupwa.

Miezi michache baadaye, Godzilla akatoka baharini. Kwenye muvi ni mnyama wa kale ambaye bomu limemwamsha. Honda mwenyewe alikuwa mwanajeshi na alipita Hiroshima baada ya vita, akaona kwa macho yake. Kwa hivyo yule mnyama si mnyama tu. Ni bomu lililopewa miguu. Na kila mtu aliyeketi kwenye sinema Tokyo mwaka huo alijua.

Sasa rudi ziwani

Mbuta, ambaye Watanzania wanamwita sangara, hakuwa wa hapa. Alikaa Mto Nile na Ziwa Albert, na maporomoko ya Murchison yalikuwa ukuta uliomzuia kupanda juu. Ziwa letu lilikuwa na watu wake: ngege, mbiru, kamongo, omena, na furu, visamaki vidogo vya kila rangi. Wanasayansi wanakadiria furu walikuwa aina 500 hivi, karibu wote hawapatikani popote pengine duniani. Aina 500, wasee. Ziwa moja.

Wakoloni wakaangalia hiyo mali wakaona takataka. Furu ni mdogo, ana miiba, hafai kwa biashara, hafai kwa mzungu wa kuvua Jumapili akipiga picha. Wazo likawa: tulete samaki mkubwa awale hawa wadogo, awageuze kuwa nyama ya maana. Wanasayansi walibishana. Mmoja wao, Geoffrey Fryer, aliandika mwaka wa 1960 kuonya kwamba huwezi kumleta mla wenzake mkubwa hivyo halafu utarajie mambo yabaki sawa. Wakati huo mbuta alishaingia majini. Watu wa idara ya wanyamapori na uvuvi ya Uganda walikuwa wamemleta kimyakimya kutoka Albert wakamwachilia upande wa Jinja. Miaka ya 1962 na 1963 wengine wakamwagwa waziwazi.

Wavuvi wa Remba, Mfangano, Rusinga, Muhuru Bay, nani aliwauliza? Mwaka wa 1954 Kenya ilikuwa chini ya hali ya hatari. Siku mbili kabla Seven Samurai ionyeshwe Tokyo, wanajeshi wa Uingereza walianza Operesheni Anvil, kukusanya watu Nairobi kama mbuzi. Serikali kama hiyo haikuwa ya kumuuliza mvuvi anataka samaki gani.

Miaka ishirini na kitu mnyama akakaa kimya. Kisha mwishoni mwa miaka ya sabini na kuingia themanini, akalipuka. Mbuta anaweza kumpita mtu mzima urefu, na wakubwa kabisa wanafika kilo 200. Alikula furu hadi akaanza kula watoto wake mwenyewe. Wanasayansi wanakadiria aina karibu 200 za furu zimepotea au zimebaki kidogo sana. Waswahili wanasema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Huyu hakutujua.

Lakini alitulisha

Hapa ndipo watu wa mazingira hukosea wakiongea na sisi. Wanamtaja mbuta kama shetani peke yake. Mbuta alileta doo. Viwanda vya minofu vilifunguliwa Kisumu na kwingineko, barafu ikaja, malori yakaja, samaki wetu wakapanda ndege kwenda Ulaya. Mabati mengi unayoona Remba ni mbuta. Karo nyingi zilikuwa mbuta. Hata kibofu chake cha hewa, bondo, kinauzwa bei ya juu kwenda China.

Ila angalia kilichobaki mezani. Minofu ilienda Ulaya, sisi tukabaki na mgongo wazi. Mifupa na kichwa, inakaangwa, inauzwa sokoni kwa watu wanaoishi kando ya maji yenyewe. Mbuta ana mafuta mengi, hakauki juani kama omena, lazima umkaange au umpige moshi, na moshi ni kuni, na kuni ni miti. Kisha gugumaji likafunika ziwa miaka ya tisini. Na mbuta mwenyewe akaanza kupungua. Leo boti inatoka usiku, inachoma petroli ya maana, inarudi na samaki wa kuhesabu kwa vidole.

Hii stori wazee wetu walishaijua kabla ya mbuta. Kule Nyandiwa, Gwassi, kuna Nyamgondho, mvuvi maskini ambaye mtego wake ulinasa mwanamke mzee. Akamchukua nyumbani, akatajirika, ng'ombe wakajaa boma. Kisha akalewa utajiri akamtukana yule mama. Mama akarudi ziwani, na ng'ombe wote wakamfuata hadi majini. Utajiri uliotoka majini ukarudi majini. Nyamgondho akabaki amesimama akageuka mti.

Niambie hiyo si muvi.

Na samurai je?

Samurai walikuwa watu halisi, tabaka la wapiganaji waliotumikia mabwana. Miaka ya 1870 serikali ya Japani ililivunja tabaka lao, na mwaka wa 1876 ikawakataza kubeba panga hadharani. Kwa hivyo samurai unayemwona kwenye muvi ni kumbukumbu. Baada ya Vita vya Pili, Wamarekani walioitawala Japani walibana hata hiyo kumbukumbu. Filamu za mapanga zilichujwa vikali hadi walipoondoka mwaka wa 1952. Miaka miwili tu baadaye, Kurosawa akaja na muvi ya zaidi ya saa tatu.

Stori yake ni rahisi. Kijiji cha wakulima kinaibiwa mavuno na majambazi kila msimu. Hakuna serikali ya kuita. Wanatafuta samurai wasio na bwana, wenye njaa, na malipo ni wali tu. Saba wanakubali. Wanashinda, lakini wanne wanakufa. Mwisho, wakulima wanapanda mpunga wakiimba, na samurai watatu waliobaki wamesimama chini ya makaburi ya wenzao. Kiongozi wao anasema walioshinda ni wakulima, si wao.

Mtu wa visiwani akiona hiyo anajua inaongea naye. Ukivua huku, injini inaweza kuporwa usiku katikati ya maji. Ukiomba ulinzi, mlinzi naye anataka samaki. Migingo, jiwe dogo upande wa Migori, limepiganiwa na Kenya na Uganda kwa maneno, bendera na askari tangu ule mvutano wa 2008 na 2009, na siku zote anayelipa ni mvuvi. Kurosawa hakudanganya kuhusu hilo. Kwenye muvi yake wakulima wanawaogopa samurai karibu sawa na majambazi. Wanaficha chakula, wanaficha mabinti. Swali lake ni gumu: ukishamleta mwenye silaha akulinde, nani atakulinda na yeye?

Na usiniambie hatuna samurai wetu. Lwanda Magere alikuwa na mwili wa jiwe, mkuki haumwingii, na nguvu yake ilikuwa kwenye kivuli. Aliyejua siri hiyo alikuwa mke aliyetoka kwa maadui. Hiyo ni bora kuliko anime nyingi nilizoona, na mimi nimeona nyingi, ndiyo sababu moja ya mimi kuwa nje ya chuo.

Anayeshika kamera

Godzilla wa kwanza alipopelekwa Marekani mwaka wa 1956, walimkata. Wakamwingiza mwigizaji Mmarekani, Raymond Burr, awe mwandishi wa habari anayetueleza kinachotokea, na sehemu nyingi zilizogusa bomu zikapungua. Jitu likabaki, sababu yake ikafifia. Watazamaji wakapewa mnyama bila kuambiwa nani alimwamsha.

Sisi tulifanyiwa vilevile. Muvi kubwa zaidi kuhusu mbuta ni Darwin's Nightmare ya mwaka wa 2004, ilipigwa Mwanza na Hubert Sauper, ambaye ni Mwaustria. Ilifika hadi kuteuliwa kwa tuzo za Oscar. Ni kazi nzito, siidharau. Lakini ukiitazama, watu wa ziwa wako pale kuteseka. Kwenye Godzilla, wavuvi wa Odo wanajua jina la mnyama kabla ya profesa yeyote kufika. Hiyo ndiyo tofauti kati ya kusimuliwa na kusimulia.

Na usiseme hatuwezi. Nenda kibanda chochote cha video uone mbogi ikicheka mistari ya DJ Afro, mtu aliyechukua muvi za wenyewe akaziongelesha hadi zikawa zetu. Tanzania Lufufu alifanya hivyo, Uganda VJ Jingo. Hapa Remba ambapo Mkenya, Mganda na Mtanzania wanakaa mabati kwa mabati, watu wamesikia muvi moja kwa sauti tatu. Godzilla wa kwanza hakuwa kompyuta pia. Alikuwa jamaa anaitwa Haruo Nakajima ndani ya suti nzito, akikanyaga nyumba za kuchezea. Mwaka wa 2023 Wajapani wakarudi na Godzilla Minus One, kwa pesa kidogo sana mbele ya zile za Hollywood, wakabeba Oscar. Tuna simu. Tuna maji. Jitu tunalo, na la kweli.

Kitu ambacho hatuna kingi ni muda. Wazee waliovua kabla ya mbuta kulipuka sasa wako miaka sabini na kwenda juu. Wao ndio walioshika kwa mikono yao samaki ambao mimi na wewe hatutawahi kuwaona. Wanajua ngege wa zamani alikuwa na ladha gani. Wengine wanajua jina la furu ambaye hayuko kwa kitabu chochote, na siku mzee huyo akizikwa, samaki huyo anakufa mara ya pili.

Kwa hivyo kazi ni hii. Wikendi hii tafuta mzee mmoja aliyevua miaka ya sitini au sabini. Washa simu. Muulize swali moja: kabla ya mbuta, nyavu zilitoka na nini? Mwache ataje. Usimkatize, na usicheke.

Kisha weka jina moja hapo chini, la samaki ambaye hukuwahi kumwona. Tukifika majina ishirini, mimi naanza kuandika muvi.