Santuri ya Mzee Shaw

Kama umewahi kuchekwa darasani kwa kushrabu, kuna rekodi moja ya mwaka 1927 unayofaa kuijua.

Kujifunza Kiingereza kwa kusikiliza na kurudia hakukuanza na simu yako. Thomas Edison aliunda mashine ya kunasa sauti mwaka 1877, na mwaka uliofuata, akitaja kazi zake, alitia hapo somo la usemaji. Mwaka 1901 Jacques Roston akaanzisha Linguaphone mjini London, akauza masomo ya lugha kwenye silinda za nta, kisha santuri. Unafungua kitabu, unashusha sindano, unafuatisha sentensi. Raha yake ni kwamba santuri haichoki. Mwalimu ukimwomba arudie mara ya ishirini, atakutoa nje.

Sasa swali: sauti ya nani? Kiingereza kilichohesabiwa kuwa sahihi siku hizo kilikuwa cha matajiri wa kusini mwa Uingereza waliosomea bweni. Lafudhi hiyo ndiyo Daniel Jones, mtaalamu wa fonetiki, aliyoiweka katika kamusi yake ya matamshi mwaka 1917. Waingereza wengi wenyewe hawakuongea hivyo!

Basi Linguaphone wakamrekodi George Bernard Shaw, mwandishi wa Pygmalion, ile tamthilia ya muuza maua anayefunzwa kutamka kama mwanamke wa tabaka la juu. Ungedhani angewapigia debe wenye kampuni. Wapi! Alisema Kiingereza sahihi kimoja hakipo. Yeye mwenyewe, alisema, jukwaani anaongea vingine na kwa mkewe mezani vingine. Kwa mgeni anayezuru Uingereza ushauri wake ulikuwa wa kuchekesha, ila nadhani hakuwa anatania tu: ongea Kiingereza kilichovunjika, sarufi iache, lafudhi ya kwenu isikike. Watajua wewe ni mgeni na watakusaidia. Ukiongea vizuri kupita kiasi, hawatakuelewa.

Kulikuwa pia na shida ya mashine. Gramafoni ikizunguka kwa kasi isiyofaa, sauti inageuka ya mtu mwingine, na mwanafunzi anaiga mtu asiyekuwepo. Shaw akawaeleza wasikilizaji namna ya kujua: rekebisha kasi mpaka usikie mzee mpole wa miaka 71 mwenye sauti ya Kiairishi. Alikuwa mtu wa Dublin, na hiyo ndiyo sauti waliyoiuza kufundishia Kiingereza.