Mtikiso, mshindo na wimbi: jinsi tetemeko na mlipuko vinavyosafiri

Usiku wa tarehe 12 Agosti 2020, saa mbili na dakika kumi na kitu, watu wa Mombasa walitoka majumbani wakiulizana kama ni wao tu. Viti vilisogea, taa zilining'inia zikayumba, na waliokuwa ghorofani ndio waliohisi zaidi. Kitovu kilikuwa chini ya bahari, kusini-mashariki ya Dar es Salaam, zaidi ya kilomita 300 kutoka kwetu. Ukubwa wake ulipimwa kuwa takriban 6.0. Swali lililozagaa kwenye simu usiku ule lilikuwa moja: kitu kilichotokea kule kimetufikiaje huku?

Jibu ni kwamba ardhi yenyewe haikusafiri. Kilichosafiri ni msukumo. Aliyewahi kusimama kwenye foleni ya feri Likoni asubuhi anajua: mmoja wa nyuma akisukuma, msukumo hufika mbele kabisa, ilhali kila mtu amebaki pale pale alipokuwa. Hilo ndilo wimbi la kwanza la tetemeko, ambalo wataalamu huliita wimbi la P. Hubana na kuachia mwamba kuelekea kule linakokwenda, na katika miamba ya juu ya dunia huenda kama kilomita 6 kwa sekunde. La pili huitwa S. Hili ni kama kamba ya ngalawa iliyofungwa gatini: ukiitikisa ncha, kamba hupanda na kushuka huku mtikiso ukienda mbele. Mwendo wake ni kama kilomita 3.5 kwa sekunde, na kwa kawaida hutikisa kwa nguvu zaidi kuliko la kwanza. Nyuma yao huja mawimbi yanayotambaa juu ya uso wa ardhi, ya polepole na mapana, na haya ndiyo yanayoyumbisha majengo marefu yaliyo mbali.

Kwa kuwa P na S hazilingani mwendo, pengo kati yao hukua kadiri unavyokuwa mbali. Wapimaji wana hesabu yao ya haraka: hesabu sekunde kati ya mtikiso wa kwanza na wa pili, zidisha kwa 8, unapata kilomita kwa kukisia. Kituo kimoja hukupa umbali tu, hakikuambii upande. Vituo vitatu vikichora kila kimoja duara lake, mahali yanapokutana ndipo kitovu. Mtambo wenyewe, seismografu, kiini chake ni uzito ulioning'inizwa: ardhi ikitikisika uzito hubaki nyuma, na tofauti hiyo ndiyo inayoandikwa.

Kuhusu namba za ukubwa, watu hudhani 7 ni kubwa kidogo tu kuliko 6. Si hivyo. Kila namba moja inayoongezeka ni nguvu mara 32 hivi. Wimbi la S pia lina tabia moja iliyowafaa sana wanasayansi: halipiti kwenye kimiminika. Kwa kuangalia ni wapi lilipokosekana upande wa pili wa dunia, walijua kwamba kiini cha nje cha dunia kimeyeyuka. Mwaka 1936 mwanamke wa Denmark, Inge Lehmann, akaonyesha kwamba ndani yake kuna kiini kingine.

Sisi wa Pwani tuna sababu yetu ya kujali tofauti ya mwendo. Tarehe 26 Desemba 2004, Sumatra ilipopasuka karibu saa kumi alfajiri kwa saa zetu, mtikiso ulifika kwenye mitambo ya Kenya kwa dakika kama kumi. Wimbi la maji lilichukua zaidi ya saa nane kufika. Kati ya hizo mbili kuna muda wa kuondoa watu ufuoni, na hapa Kenya watu waliondolewa. Tulipoteza mtu mmoja. Somalia, ambako onyo halikufika, walikufa karibu 300.

Hewani mambo hubadilika. Mlipuko mkubwa husukuma hewa kwa ghafla kiasi kwamba hewa iliyo mbele haipati nafasi ya kupisha. Hujirundika ikawa ukuta mwembamba wa mgandamizo, na ukuta huo mwanzoni huenda kasi kuliko sauti. Ukifika ulipo, shinikizo hupanda papo hapo. Kisha hushuka chini ya kawaida, na upepo hugeuka kurudi ulikotoka. Ndiyo maana baada ya mlipuko utaona vioo vingine vimemwagika ndani na vingine nje. Ukienda mbali ukuta huo hudhoofika ukawa mshindo wa kawaida, mita 340 hivi kwa sekunde, yaani kilomita moja kwa kila sekunde tatu. Na ili madhara yale yale yafike mara mbili ya umbali, unahitaji baruti mara nane.

Hapa nataka kukaa kidogo, kwa sababu ni jambo la uhai. Ijumaa ya tarehe 7 Agosti 1998, jijini Nairobi, kabla bomu la ubalozi wa Marekani halijalipuka, kulisikika kwanza mlio mdogo na risasi. Watu maofisini wakafanya kile ambacho binadamu yeyote angefanya: wakaenda dirishani kutazama. Bomu likalipuka wakiwa wamesimama nyuma ya vioo. Waliokufa Nairobi ni zaidi ya 200, majeruhi maelfu, na wengi walipoteza macho. Beirut, tarehe 4 Agosti 2020, ikawa vile vile: moto wa bandarini uliwavuta watu madirishani na roshani, simu mkononi, kisha tani 2,750 za amonia nitrati zikalipuka. Mwanga hukufikia mara moja, mshindo huja nyuma. Ukiona mwako mkubwa au moshi wa ajabu mbali, pengo hilo ni lako. Litumie kuondoka kwenye kioo na kulala chini nyuma ya ukuta. Shinikizo ambalo haliwezi kukuangusha linatosha kabisa kuvunja dirisha.

Mlipuko wa Nairobi ulinaswa na mtambo wa tetemeko uliokuwa kilomita chache tu kutoka hapo, na kutokana na mistari ile wataalamu wakakokotoa wakati wake na kukadiria uzito wa bomu. Mpaka leo Kenya ina kituo cha tetemeko Kilimambogo, na kingine Nairobi cha kusikiliza sauti za chini mno zisizosikika kwa sikio, vyote katika mtandao wa dunia wa kukamata majaribio ya nyuklia. Sauti hizo husafiri ajabu. Krakatoa ilipolipuka mwaka 1883, watu wa kisiwa cha Rodrigues, ng'ambo ya Bahari ya Hindi, karibu kilomita 4,800, waliusikia mshindo saa nne baadaye wakadhani ni mizinga ya meli.

Majini sauti ni nyepesi zaidi: mita 1,500 kwa sekunde, na haichoki upesi. Wavuvi wa baruti upande wa Tanzania Bara wamejifichua kwa njia hiyo. Mwaka 2015 watafiti walivuta maikrofoni za majini pwani nzima ya nchi ile wakanasa milipuko zaidi ya 300, mingi karibu na Dar es Salaam. Mlipuko hupasua kifuko cha hewa cha samaki, na wengi wao huzama wasiokotwe, huku matumbawe yakigeuka kifusi.

Tukirudi nyumbani, kuna machimbo ya mawe. Jirani anayeona ufa ukutani huambiwa ni nyumba mbovu. Huenda ni kweli, huenda si kweli, lakini jambo hili hupimwa. Mtikiso wa ulipuaji huhesabiwa kwa kasi ya ardhi, na kanuni za Kenya za mwaka 2009 kuhusu kelele na mitetemo zimeweka kikomo cha sentimita 0.5 kwa sekunde nje ya mpaka wa eneo la chanzo. Kwa hiyo usibishane kuhusu mshindo uliousikia, kwani mshindo ni wa hewani na huongezeka au kupungua kwa upepo na mawingu. Omba rekodi ya mtambo wa siku ile. Piga picha za kuta zako kabla ya mlipuko, si baada tu, na andika tarehe na saa.